Mjomba wa Gari la Mwisho

Mashindano ya baiskeli yalikuwa ya siku nane, na kwa miaka kumi na mmoja mzee huyu hajawahi kumwona mshindi akifika. Hata wa kumi hajawahi kumwona. Yeye ni dereva wa gari la mwisho, lile linalotambaa nyuma ya kila mtu na kuwazoa waliochoka. Wakubwa wa mashindano walifunga ufagio, ufagio kweli wa kufagilia, kwenye bampa ya mbele, basi watu wote wakamwita Fagio. Mkewe aliposikia jina hilo alicheka mpaka akakaa chini. "Fagio? Wewe? Humu ndani unajua ufagio unakaa wapi?"

Kazi yenyewe aliipenda. Viti vya nyuma alivitandika nailoni kwa ajili ya jasho, chini akaweka ndoo ya wenye kutapika, na kwenye dashibodi hakukosa pipi za tangawizi. Mtu akishindwa, mwamuzi anambandua namba mgongoni, Fagio anampakilia baiskeli, anampa pipi, basi. Hamuulizi kilichompata. Wapo waliolala papo hapo, wapo waliotukana barabara, kocha na ukoo mzima wa aliyebuni milima. Mmoja aliomba redio izimwe, kisha akalia saa nzima, na Fagio akaendesha polepole wasije wakafika hotelini kabla kijana hajamaliza kulia.

Mwaka huu mambo yalikuwa mengine. Mpwa wake, mtoto wa dada yake mkubwa, alikuwemo mashindanoni kwa mara ya kwanza. Kazi yake kwenye timu ilikuwa kubeba maji: anarudi nyuma hadi kwenye gari la timu, anajaza chupa ndani ya jezi mpaka anavimba mgongo, kisha anawakimbilia wakubwa wake akawagawie. Kocha alishamwambia wazi: ukimaliza siku zote nane, unabaki kwenye timu. Usipomaliza, rudi ukamsaidie mama yako dukani.

Asubuhi ya siku ya sita, siku ya mlima, dada mtu akapiga simu.

"Wee! Ukimpakia mwanangu kwenye hilo gari lako la mkosi, usikanyage kwangu. Hata ukisikia nimekufa, usije."

"Dada, mimi sipakii mtu. Aliyechoka anaingia mwenyewe."

"Mimi nimeshasema."

Kwenye kiti cha mbele, karibu na Fagio, alikaa mwamuzi, mama mmoja mwalimu mstaafu wa hesabu, saa imemning'inia shingoni. Haongei sana, na akiongea unajihisi hujafanya zoezi. Kwake sheria ni mbili tu. Ya kwanza, lango la kumalizia la leo linafungwa saa nane na dakika arobaini, na atakayefika baada ya hapo ametoka mashindanoni. Ya pili, dereva wa gari la mwisho haruhusiwi kumsemesha mshindani, isipokuwa kumuuliza kitu kimoja: "Unaingia?"

Saa sita na nusu mpwa akapata pancha, chupa zake zote mgongoni. Kufumba na kufumbua kundi limeshakwenda, na mtu wa mwisho barabarani akawa ni yeye. Fagio alijua gari lake linavyomvunja mtu: ukigeuka tu ukauona ule ufagio, magoti yanalegea. Akaamua kumstahi mtoto wa dada yake. Akapunguza mwendo, akawa anajificha nyuma ya kona.

"Dereva, tuko mbali naye," alisema mwamuzi.

"Namwachia hewa kidogo, mwalimu."

"Hewa ipo ya kutosha."

Wakaenda hivyohivyo, kona baada ya kona, Fagio akijiona mjomba wa maana kweli. Mpaka barabara ikanyooka, na kule mbele wakamwona. Jamani! Kijana ameegemeza baiskeli kwenye nguzo, anajisaidia kwa utulivu kama mtu aliye likizo. Akamaliza, akapanda tena, akaendesha kwa mkono mmoja huku akila ndizi na kuwaitikia watu waliokaa kando ya barabara.

"Saa nane na dakika nane," alisema mwamuzi. "Zimebaki kilomita tisa, na zote ni mlima."

Hapo ndipo Fagio alipoelewa alichokifanya. Gari la mwisho hukaa nyuma ya mtu wa mwisho, kila mwendesha baiskeli anajua hivyo. Mpwa alikuwa akigeuka haoni gari, akaamini wenzake wengi bado wako nyuma, basi haraka ya nini?

"Nimemmaliza," alisema Fagio. "Mtoto wa dada yangu, nimemmaliza mwenyewe kwa mikono yangu."

Akakanyaga mafuta, akapiga honi. Kijana akageuka, akauona ufagio, ndizi ikamponyoka.

"Mjomba! Wengine wako wapi?"

Fagio akamtazama mwamuzi. Mwamuzi akamtazama Fagio.

"Unaingia?" aliuliza Fagio.

"Nini?"

"Unaingia?"

"Siingii!" Akainuka kwenye kiti cha baiskeli, akaondoka mbio.

Fagio hakumwachia tena. Akamganda gurudumu la nyuma, na kila mara kijana alipolegea, kichwa cha Fagio kinatoka dirishani: "Unaingia?" Aliuliza kwa ukali, aliuliza kwa kejeli, aliuliza kwa sauti ya dada yake akiwa amekasirika. Mpwa akamjibu maneno ambayo mpwa hamwambii mjomba wake, lakini miguu haikusimama. Mwamuzi alikuwa anaweka alama kwenye daftari.

"Umemuuliza mara ishirini na tatu," alisema.

"Sheria inasema mara ngapi, mwalimu?"

Mama akafikiri. "Haisemi."

Wakavuka mstari saa nane na dakika thelathini na tisa, sekunde hamsini na moja. Lango likafungwa nyuma yao. Kijana akaanguka na baiskeli yake kwenye lami, kifua kinapanda na kushuka. Fagio akashuka garini, tayari kutukanwa mbele ya watu.

"Ulikuwa wapi?" aliuliza mpwa akiwa chini palepale.

"Nilikuwa nakuonea huruma, mjomba."

"Huruma ya nini? Nageuka, sikuoni. Nikajiambia, Mjomba hawezi kuniacha nipotee. Kama haonekani, basi siko wa mwisho." Akajifuta uso kwa mkono wa jezi. "Nilikuwa nakuamini wewe."

Fagio akachuchumaa. Alitaka kujibu kama mtu mzima, lakini machozi yalishatangulia, mbele ya mwamuzi na waandishi wa habari, na wala hakujali.

"Kesho unifuate karibu," alisema mpwa. "Hata nikikutukana."

"Nitakufuata," alisema Fagio. "Tukana tu."