Chumvi ya Kisahani

Kiharusi kilimpata mume wangu mwezi wa Novemba 1958, msimu wa karafuu, tukiwa tunachambua barazani kwetu karibu na Mtambile. Mkono wa kulia ulilegea, na ulimi ukawa mzito hata jina langu likamshinda.

Alilazwa Wete. Siku ya kuruhusiwa, daktari alinigeukia mimi: vidonge asiache hata akijiona mzima, tumbaku basi, na chumvi iwe kidogo mno, kwani damu yake ilikuwa ikienda kwa nguvu. Kiharusi kikirudi, huenda kikauchukua ulimi moja kwa moja. Sikujua kuandika wakati huo. Darasa la kina mama niliingia mwaka 1961. Maneno yale niliyahifadhi kama nilivyohifadhi sura za Kurani.

Ramadhani ilipoandama, Machi 1959, alikuwa anasema vizuri. Vidonge, kwa ruhusa ya daktari, alivimeza wakati wa futari na wa daku. Lililonishinda ni chumvi, kwa kuwa kwetu wanaume hawafuturu ndani. Kila nyumba hutoa sinia barazani, na kila mkono huingia katika kila sinia; anayeng'ang'ania la kwake huonekana anawaonea wenziwe kinyaa. Mume wangu alikula muhogo wa watu na ng'onda wa watu, samaki mkavu wa chumvi, na sinia langu lisilo na chumvi likarudi limejaa.

"Jitenge nao," nilimwambia.

"Nijitenge, nina ukoma?"

Sikuzoea kuomba. Siku ya pili yake, hata hivyo, nilikwenda kisimani saa ambayo wanawake wote huwapo.

"Shoga, sinia lako hata paka wetu alilizunguka," alisema jirani yangu, na wenziwe wakacheka. "Au umemchoka mzee wa watu?"

"Nikimchoka nitakuachia wewe. Lakini chumvi yenu itamrudishia maradhi, na safari hii hatasema tena."

Mkubwa wetu alijitwika ndoo yake kwanza, kisha akasema, "Chumvi si lazima iingie chunguni. Tutaitia kisahanini."

Jioni ile masinia yote yalitoka hayana chumvi wala ng'onda, kila moja na kisahani chake pembeni, na ndimu. Nilikuwa nyuma ya dirisha.

"Leo wake zetu wamegoma?" aliuliza mmoja.

"Nyunyiza ule, Shehe. Magharibi haingoji," alijibu mwenziwe.

Mume wangu alikamua ndimu, akala katika kila sinia. Hakuniuliza kitu, nami sikumwambia.

Sisemi kuwa chumvi peke yake ndiyo iliyomlinda. Vidonge hakuviacha, na tumbaku aliiacha kwa manung'uniko ya mwaka mzima. Ninalolijua ni kuwa kiharusi hakikurudi. Alifariki Aprili 1967 kwa homa ya mapafu, nami nimekaa kichwani pake. Aliitamka shahada yote, neno kwa neno, hata waliokuwa ukumbini wakaisikia.