Kisu cha Baba Pale Emali

Enzi zetu Emali, kila mbuzi wa Krismasi alichinjwa na baba yangu, Msomali. Sisi hatukuwa na Krismasi, lakini majirani zetu Wakamba walijua hatuli nyama isipochinjwa na Mwislamu, na kula huku sisi tunanusa harufu tu waliona ni aibu. Basi asubuhi baba alizunguka nyumba kwa nyumba na kisu, nami nikimfuata nimebeba jiwe la kunolea.

Baadaye tulikula sinia moja na watoto wa Mama Mutuku, ambaye mumewe alikuwa mzee wa mtaa. Siku nyingine tulicheza kati, mchezo wa kukwepa mpira, nyuma ya stesheni hadi vumbi likajaa masikioni, kisha tukaitwa kula muthokoi, mahindi yaliyokobolewa na maharagwe. Kikamba nilikijua kuliko Kisomali. Nikikosa adabu, Mama Mutuku alinifinya sawasawa na wanawe. Mguse mtoto wa leo uone atakavyokurekodi na simu!

Nikiwa darasa la saba, maofisa wa serikali waliweka meza sokoni. Kila Msomali athibitishe kwamba si mgeni. Baba, aliyezaliwa nyuma ya duka letu palepale Emali, aliambiwa alete shahidi. Akamtaja Baba Mutuku, aliyekuwa amesimama karibu.

"Mzee, unajua huyu?" ofisa akauliza.

Baba Mutuku akaangalia viatu vyake. "Namwonanga tu hapa soko. Kwao sijui."

Namwonanga! Mtu aliyekula nyama ya mkono wa baba kila mwaka! Hadi leo nikikumbuka napandwa na hasira, na asiniambie mtu nisamehe. Tulipakiwa kwenye lori la ng'ombe hadi Wajir, ambako hatukuwa na hata shangazi. Huko watoto wa Kisomali walituita Wakamba. Baba alizikwa huko.

Desemba iliyopita nilirudi. Mama Mutuku, sasa mjane, alinikumbatia akalia. Wajukuu wakatoa simu. "Hebu cheki, Msomali anabonga Kikamba! Kwani kwenu ni wapi, mathe?"

"Kwetu ni hapo mbele, penye kinyozi sasa," nikawajibu.

Wakacheka, wakaendelea kurekodi. Mama Mutuku akaniletea sahani ya nyama, inatoa moshi.

"Nani amechinja?" nikauliza.

Akasimama na sahani mkononi, kisha akairudisha jikoni. Enzi zetu Emali, hakuna mgeni aliyelazimika kuuliza swali hilo. Nami sikuwa mgeni.