Mjukuu wa Mwandishi Alidhani Anagombezwa

Saa mbili asubuhi, ukungu umelalia malisho ya Terra Chá, mashambani kaskazini mwa Hispania. Obdulia Castiñeira yumo zizini, buti za mpira miguuni, anamkamua ng'ombe wake Marela. "Tulia, malkia wangu," anambembeleza kwa Kigalisia, lugha ya kwao.

Kwa lugha hiyo Obdulia, mwenye miaka sitini na tisa, ameandika vitabu kumi na kimoja. Anaviuza mwenyewe gulioni, meza yake ikipakana na sufuria za pweza.

"Obdulia, maneno hayashibishi!" humtania Delmiro, mchemsha pweza.

"Pweza wako analiwa leo tu, Delmiro. Kitabu changu watakila hadi wajukuu."

Jumapili iliyopita maneno hayo yalimrudi.

Binti yake Uxía, muuza dawa mjini Lugo, alikuja na mwanawe Noa wa miaka mitano. Walipokuwa wakimalizia supu, Obdulia alimpakata mjukuu, akafungua kitabu chake kipya, cha kwanza kuwaandikia watoto. Ukurasa wa mbele una jina la Noa. Akaanza kumsomea kwa Kigalisia.

Mtoto akanywea. Midomo ikatetemeka.

"Bibi, nimekosa nini?" aliuliza kwa Kihispania.

"Hujakosa kitu, kipenzi. Ni hadithi."

"Mbona unanigombeza? Mimi siyo Canelo!"

Canelo ni mbwa wa bibi. Kijiko kilimponyoka Uxía.

Katika nyumba ile, kama nyingi za huko, watu wazima huzungumza Kigalisia wao kwa wao. Mbwa na ng'ombe husemeshwa hichohicho. Mtoto peke yake ndiye anayepewa Kihispania, eti asichekwe mjini. Kigalisia humfikia pale tu mama anapopandwa na hasira. Hakuna aliyeitisha kikao kupanga hivyo.

"Umemfanya nini mtoto, Uxía?"

"Mimi? Na wewe, mama? Ng'ombe unamwimbia, mjukuu unamsemesha kama karani wa benki! Mganga hajigangi."

Obdulia alikifunga kitabu.

"Nilidhani lugha yetu itauawa na wakubwa wa serikali, au na televisheni," anasema sasa, mkono shavuni. "Kumbe tunaichinja wenyewe mezani, huku tunapakua supu. Mjukuu wangu ananiogopa kwa sababu ya lugha niliyonyonya!"

Mzazi unayesoma, usimcheke. Kesho tega sikio nyumbani kwako: lugha ya mama yako unaitoa lini? Ukibembeleza, au ukishika fimbo? Mtoto hasomi vitabu vyetu, anasoma nyuso zetu.

Kitabu cha kumi na mbili, alichokuwa akikiandika, Obdulia amekiweka kando. Anataka Noa aje kila Jumamosi, apike naye, alishe naye kuku, na kila neno liwe la Kigalisia, la upole. Uxía amekubali shingo upande.

"Shuleni wakimcheka, mama, utakwenda wewe kumfuta machozi."

"Nitakwenda. Na kitambaa nitabeba."

Jumamosi ya kwanza ndiyo leo. Noa ameshafika, amekaa jikoni, miguu inaning'inia. Obdulia anageuza chapati za maji kwenye kikaango.

"Nikutilie asali, kipenzi changu?" anauliza kwa Kigalisia.

Mtoto haitazami chapati. Anautazama uso wa bibi yake, macho kwanza, kisha mdomo, anatafuta hasira. Anatafuta sana.

Kisha anamsogezea bibi sahani, atiliwe asali.