Mtamba wa Mama Anjelina

Siku yangu ya kwanza kazini, kule Maramba, Daktari wa Mifugo wa Wilaya alinikabidhi kipimajoto na buti. "Kijana, ng'ombe hasemi uongo," akasema. "Atakayemsingizia ni wewe." Nilicheka. Nilikuwa na cheti, bwana, najiona najua kila kitu.

Wakati huo tulikuwa tukikopesha wanakijiji mitamba, yaani ng'ombe majike ambao hawajazaa, wafugwe bandani. Anayeshindwa kumtunza, ananyang'anywa. Mama Anjelina, mjane wa mkata mkonge, alipopata mtamba wake nilimwamuru, "Zungushia banda mabati. Asionane na mnyama yeyote." Niliogopa ndigana, homa inayoletwa na kupe. Mama akatii, hata mbuzi wake akamhamishia kwa jirani.

Wiki ya pili mtamba hali, hacheui, analamba ukuta na kulia mpaka sauti inamkauka. Nikampima. Joto la kawaida, tezi hazijavimba. Nikamdunga sindano hivyo hivyo, na kesho yake tena. Ubishi tu.

"Bwana mifugo," Mama akaniuliza, "huko alikotoka alikuwa na wenzake wangapi?"

"Arobaini na zaidi."

"Na hapa?"

Nikamkemea. Kazi yako majani, dawa niachie mimi.

Mtamba akabaki mbavu tupu. Daktari akaja na lori kumchukua. Mama akasimama mlangoni mwa banda, machozi yanamtoka. "Shikamoo, Daktari. Naomba nimtie mbuzi wangu humu kwanza. Huyu mpweke, si mgonjwa."

Daktari akanigeukia. Nilitamani ardhi inimeze. Nikasema, "Kosa langu, Daktari. Mabati niliamuru mimi."

"Mbuzi aogeshwe dawa ya kupe," akasema. "Nawapa wiki moja."

Mbuzi alipoingia, mtamba alimnusa, akamlamba masikio, akalala ubavuni mwake. Jioni ile alikula. Siku ya tatu anacheua. Lori halikurudi tena.

Sasa nimestaafu, nipo Usagara, na vijana wa mifugo wakija kuniamkia nawaambia: pimeni joto, shikeni tezi, ila kabla ya sindano ulizeni mnyama anakaa na nani. Mimi niliulizwa na mjane mapema kabisa, nikamkemea, na nusura nimpokonye ng'ombe kwa kosa langu mwenyewe.