Udi wa Mwanakuu

Hakuna arusi ya maana Mji wa Kale isiyofukizwa udi wa Mwanakuu. Wanawake huufuata kutoka Makadara na hata ng'ambo, na kila mmoja ana yake ya kusema: eti ni siri ya bibi yake, eti kuna kitu humo kinatoka Uarabuni. Mwanakuu huwaacha waseme. Ukweli ungewakata hamu.

Udi ule aliutengeneza kwa ajili ya kidonda. Mumewe, Faraj, alikuwa na ugonjwa wa sukari, mguu ukamwoza naye yu hai. Alipenda watu mno yule bwana, na watu wakaanza kumkimbia. Wakija hukaa dakika mbili, kitambaa puani, kisha wana haraka. Mwisho Faraj mwenyewe akaomba mlango ufungwe. Ndipo Mwanakuu akaitoa sukari waliyokuwa wamemkataza mgonjwa, akaipika mpaka ikaiva rangi, akatia unga wa udi, miski na marashi, akafukiza chumba kutwa. Wageni wakarudi. Wakakaa, wakacheka naye, wakausifu udi. Faraj alikufa miezi minne baadaye, na arubaini haijatimia jirani mmoja, bila haya, akaja kuagiza kopo la arusi.

Mwaka wa kumi na nane huu anaupika. Kila akiunusa humwona Faraj akiuficha mguu chini ya shuka.

Kwa hivyo ilipofika arusi ya binti yake, Lamis, alinunua udi wa dukani, tena wa ghali. Alitaka siku moja tu asiukumbuke mguu ule. Lamis alipoliona lile kopo, uso ukamshuka.

"Mama, watu wote wawapa udi wako, mie wanipa wa dukani?"

"Kaa, mwanangu, nikwambie ulianzaje." Alikuwa amekata shauri kusema yote.

"Najua ni wa baba," alisema Lamis, aliyeachwa na baba ana miaka mitatu. "Sura yake siikumbuki. Nakumbuka nikipanda kitandani kwake, anukia vile. Nataka niolewe nikinukia kama yeye."

Mwanakuu akatia makaa kwenye chetezo, akatupia udi wake, akazishika nguo za bibi arusi juu ya moshi.

"Kweli, mwanangu," akasema. "Babako alikuwa akinukia."

Akalia waziwazi, na Lamis, aliyedhani ni kilio cha kila mama anayeoza, akalia naye.