Askofu Aliyemrudisha Kabula

Ipo habari moja naikumbuka, mwanangu, kila nikisikia watu wanabishana juu ya marehemu Baba Askofu wetu, na kila nikiikumbuka nachanganyikiwa upya. Tulia nikusimulie.

Askofu yule alikuwa mgumu. Alianza kama mwalimu wa kijijini, akawa mchungaji, akawekwa wakfu kuwa askofu, na kote huko hakuyumba. Kule Katoro matajiri wa dhahabu walimwomba abariki duara lao, shimo la kuchimbia, mganga akiwa ametangulia kulizindika kwa dawa zake. Akawasha gari akaondoka bila kugusa hata soda. Kuhusu ndoa ndiyo usiseme: mume mmoja, mke mmoja, basi.

Mimi nilikuwa mchungaji kijana pale Samuye, kola bado inanibana. Mzee Masanja, mwenye wake wawili, akaomba kipaimara. Nikamwambia nilichofundishwa, kwamba abaki na mke wa kwanza. Akatii, masikini. Akamrudisha mke mdogo, Kabula, kwao Kishapu. Hawakuwa wamejaliwa mtoto, na kwa mila yetu mke asiyezaa akirudishwa, mahari nayo hudaiwa. Nikajiona nimefanya kazi kweli kweli.

Haikupita muda kaka yake Kabula akanijia, macho mekundu. Ndugu za Masanja walikuwa wamedai ng'ombe wao wa mahari, na ng'ombe hao hao ndio yeye aliowatoa kuolea mke wake. Ng'ombe wakirudi Samuye, wakwe zake wanamchukua binti yao.

"Baba Mchungaji, si wewe uliyetufungisha ndoa kanisani, mimi na mke wangu? Mbona sasa unaivunja?"

Nilimkimbilia Askofu nikamweleza yote.

"Nani alikufundisha kumwambia Masanja hivyo?"

"Wewe, Baba Askofu."

"Nilikufundisha sawasawa. Chukua koti, twende Kishapu."

Huko akaketi kwenye kigoda mbele ya wazee wa kwao Kabula, mtu mzima yule, akawaomba radhi. Kisha akamuuliza Kabula mwenyewe kama yuko tayari kurudi kwa mumewe. Kabula akaitikia. Tukamrudisha Samuye, madai ya ng'ombe yakafa, na kaka yake akabaki na mkewe. Mimi moyoni nikasema, haya, mzee amelegea.

Wapi! Siku ya kipaimara aliwawekea mikono wote, Masanja akamruka.

"Baba Askofu, umenirudishia mke, mbona unaninyima mkono?"

"Yote mawili yananiuma, Masanja," akajibu, na machozi yalikuwa yanamtoka.

Masanja alikufa bila kipaimara, na Askofu ndiye aliyemzika. Alipostaafu nilimuuliza lipi lilikuwa sahihi, kule Kishapu au pale kanisani. Alinitazama kama mtu aliyechoka. "Sijui," akasema. "Bado namuuliza Mungu." Nilitamani aniambie neno moja la kushika, na hakuniambia. Iliniuma.

Kwa hiyo usiniulize mimi kama alikosea. Nasaha yangu ni hii: shika unachokiamini, lakini kabla hujaamua juu ya nyumba ya mtu, ulizia nani mwingine anaitegemea nyumba hiyo. Na ukiumiza watu kwa jambo unaloliona la haki, usitume mjumbe. Nenda mwenyewe, ukae chini, uwatazame usoni.

Mungu akupe msimamo, mwanangu. Na akishakupa, akupe na miguu ya kukufikisha kwa wale uliowaumiza kwa msimamo huo.