Majua Matatu ya Mikidadi

Mdogo wangu Mikidadi alikuwa mpulizaji wa mikorosho. Msimu ukifika, wenye mashamba wa Naipingo na wa kwetu Mandawa walimgombania. Akisali alfajiri tu, anatoka na pampu mgongoni, kwa sababu salfa, dawa ya unga ya mikorosho, hushika jani likiwa bado na umande. Jua likipanda umande unakauka, na kazi imekwisha. Nadhani mambo yake ya majua yalianzia hapo. Mtu aliyefukuzwa shambani na jua moja kila asubuhi alijiuliza ingekuwaje kama yangekuwa matatu.

Hakuwa mwendawazimu. Alitunga nchi tu, akamhadithia binti yake Shamimu tangu akiwa mdogo, kisha wakaichora kalenda ya nchi hiyo kwa mkaa kwenye ukuta wa sebule. Jua la kwanza liliitwa Mkubwa. La pili aliliita Wifi, kwa sababu, alisema, halina kazi ila kumfuata Mkubwa nyuma kuangalia anafanya nini. Mimi dada yake na mke wake Sabaha tulijua anatusema sisi. La tatu lilikuwa Mgeni, linakuja likijisikia. Siku ya huko haikwishi mpaka majua yote yamezama, na hilo lilichukua karibu msimu mzima wa kwetu. Ndipo giza linaingia, umande unashuka, na nchi nzima inakimbilia mikorosho. Mikidadi ndiye aliyekuwa akitangaza. Akirudi shambani, au kabla hajatoka, anasema, "Leo Mkubwa kazama," na Shamimu anaipaka mkaa duara yake.

Mimi nauza vitenge Nachingwea, na jioni nafundisha watoto madrasa. Mfungo mmoja nilimwuliza, "Sasa hao watu wako wanafuturu saa ngapi?"

"Wanafuata jua moja, dada."

"Lipi?"

"Bado wanagombana."

"Si watakufa na njaa!"

"Ndiyo maana wako wachache."

Alianguka Naipingo asubuhi, chini ya mkorosho, pampu ikiwa inanguruma mgongoni. Hospitali walisema ni moyo. Inna lillahi wa inna ilayhi rajiun. Tulimzika Mandawa siku hiyohiyo. Sikulia. Watu walinisifu kuwa nina subira, lakini haikuwa subira. Nilikuwa kama mguu uliokaliwa mpaka ukafa ganzi.

Arobaini ilipokaribia nikaenda Mandawa kusiriba nyumba, maana kwetu wageni wa arobaini hawapokelewi kwenye kuta zilezile za siku ya msiba. Nikamkuta Shamimu amekaa chini ya ule ukuta. Hakuwa ameenda shule tangu mazishi. Mwalimu wake, Laurencia, alikuwa amepiga simu: mtihani wa kidato cha pili umekaribia, akiendelea hivyo atarudia darasa.

"Zungumza naye," aliniambia kaka yetu mkubwa, Imrani. "Na huo ukuta usiribwe. Shehe atasomaje dua kwenye nyumba iliyochorwa kama ya mganga?"

Sabaha, aliyekuwa amekaa eda, alijibu kutoka chumbani. "Wifi, mimi nimesema mpaka nimekauka. Kichwa hicho cha kwenu, si cha kwetu."

Nikachukua ndoo ya udongo mweupe, nikakaa karibu na mtoto.

"Shangazi, arobaini gani?" akasema. "Siku aliyokufa baba haijaisha. Asubuhi ile kabla hajatoka alisema Mkubwa kazama. Wifi hajamtaja. Nikienda shule, itakuwa kesho."

Aya ninazijua, nikamsomea. Kila nafsi itaonja mauti. Akaitikia vizuri, kama watoto wangu wa madrasa, na hakusogea.

"Nani anaamua Wifi azame?" nikamwuliza.

"Baba."

"Alipokwenda kupuliza Masasi je?"

"Alipiga simu."

"Sasa hapigi."

"Hapigi," akasema.

Nje Imrani alikuwa akimgombeza mtu kuhusu kuni. Kwetu tanga la msiba haliondoki mpaka dada wa marehemu aseme liondoke. Hata Imrani, na ukali wake wote, alikuwa anasubiri neno langu. Nilikuwa nimelijua hilo tangu siku ya mazishi, lakini mdomo haukuwa na nguvu ya kulisema.

"Mimi ndiye dada yake," nikamwambia. "Wifi kazama."

Akanitazama usoni kuona kama namchezea. "Na Mgeni?"

"Mgeni umemwona msimu huu?"

Akafikiri. "Hakuja."

"Basi."

Alikwenda jikoni akarudi na mkaa, akaipaka duara ya Wifi taratibu mpaka weupe wote ukaisha. Alilia. Nikamwacha alie. Alipomaliza akajifuta kwa kanga yangu, akaingiza mkono kwenye ndoo, akaanza kusiriba yeye mwenyewe, kuanzia juu. Mimi nilisiriba chini. Kabla ya adhuhuri ukuta ulikuwa mweupe wote.

Nikatoka uani nikamwambia Imrani tanga limeondoka. Akasema Alhamdulillah, nami nikasema Alhamdulillah.

Jumatatu Shamimu alivaa sare. Shati lilikuwa limempwaya. Bodaboda akapiga honi barabarani, Shamimu akanipa mkono, akapanda.

"Kaenda?" Sabaha aliuliza kutoka chumbani.

"Kaenda."

"Na chai hajanywa."

"Hajanywa, wifi."

Nikavuta ungo, nikaendelea kuchambua mchele wa arobaini.